Mwenye Duka Aliyefundisha Watoto

Msomaji kijana, mtaa wa Kawangware, upande wa magharibi ya Nairobi, una maduka madogo mengi ambako watoto hutumwa chumvi na viberiti. Mtoto humjua mwenye duka kabla hajajua kusoma. Siku mwenye duka akifariki na mlango usifunguliwe, ni nani atakayemweleza mtoto huyo, na kwa maneno gani? Swali hili lilipata jibu zamani katika nchi ya mbali, kwa ajili ya mwigizaji ambaye pengine hujapata kumsikia.

Will Lee alizaliwa Brooklyn, katika jiji la New York, mwaka 1908. Katika miaka ya 1930 aliigiza pamoja na Group Theatre, chama cha waigizaji kilichosifika sana. Mwaka 1950 alikataa kushirikiana na kamati ya Bunge iliyowasaka Wakomunisti, na kwa miaka kama 5 milango ya sinema na televisheni ikafungwa mbele yake. Hakuvunjika moyo, alifundisha wengine uigizaji.

Tarehe 10 Novemba 1969 kipindi cha Sesame Street kilianza huko Marekani. Kusudi lake lilikuwa kuwafundisha herufi na hesabu watoto ambao hawajaanza shule, hasa wa nyumba maskini za mijini. Lee, akiwa na umri wa miaka 61, aliigiza Bwana Hooper, mwenye duka mkali wa maneno lakini mwema wa moyo. Rafiki yake alikuwa Big Bird, ndege wa manjano mrefu kuliko mtu, ambaye kila mara alilikosea jina lake.

Lee alifariki tarehe 7 Desemba 1982. Wenye kipindi wangaliweza kumweka mtu mwingine mahali pake, au kusema kwamba amehama. Walitaka shauri la wataalamu wa malezi, wakachagua kusema kweli. Tarehe 24 Novemba 1983, siku ya mapumziko ambayo wazazi walikuwa nyumbani, Big Bird alileta picha alizowachorea rafiki zake. Picha ya Bwana Hooper ikakosa wa kuipokea. Wakubwa hawakusema kwamba amelala wala amesafiri. Walisema amekufa, naye hatarudi. Machozi yao hayakuwa ya kuigiza, maana walimlilia mwenzao.

Mbegu ya kazi hiyo imefika kwetu pia. Mwaka 2008 watoto wa Tanzania walipata Kilimani Sesame, wakaelezwa kwa Kiswahili habari za malaria na jinsi ya kujikinga nayo.

Wahenga walisema, mficha maradhi kilio humfichua. Basi, ewe msomaji, mdogo wako akikuuliza kwa nini duka limefungwa, keti naye, umwambie kweli kwa maneno machache ayawezayo. Kisha usiondoke upesi, kwani atakuwa na swali la pili.