Grogan Ilikuwa Kinamasi

Ukiibiwa kioo cha pembeni cha gari hapa Nairobi, mtu wa kwanza utakayemlalamikia atakwambia uende ukakiangalie Grogan. Grogan ni Barabara ya Kirinyaga na vichochoro vyake: maduka ya spea, mafundi wamelala chali chini ya magari, oili imeloa ardhini mpaka huwezi kujua lami inaishia wapi. Jina la barabara lilibadilishwa zamani, lakini mtaa haukusoma tangazo. Bado tunapaita kwa jina la Ewart Grogan, yule Mwingereza aliyejulikana kwa safari yake ya kutoka Cape hadi Cairo, na ambaye mwaka wa 1907 aliwacharaza viboko Waafrika watatu hadharani mbele ya mahakama ya Nairobi, akahukumiwa kifungo cha mwezi mmoja. Hayo wengine wanayajua. Kile ambacho watu hawakijui sana ni mali aliyokuwa nayo kando ya Mto Nairobi. Alikuwa na kinamasi.

Kinamasi kamili, si dimbwi. Mafunjo marefu kuliko mtu, matete, vyura, na tope la kumeza mguu. Kilitanda kando ya mto, kaskazini mwa mahali tunapopaita tao leo, na ndicho kitu cha kwanza ambacho wageni walikilalamikia walipofika hapa.

Tunapenda kusema jina la jiji hili limetoka kwa Wamaasai, Enkare Nairobi, maji baridi, halafu tunaendelea na mambo mengine kana kwamba ni jina la soda. Lakini ni maelezo ya mahali. Wafugaji walileta ng'ombe hapa kunywa kwa sababu maji yalikuwepo hata kiangazi. Sababu ni umbo la ardhi. Magharibi kuna miinuko ya Kikuyu na Limuru, ya udongo mwekundu unaopitisha maji vizuri. Mito inateremka kutoka huko kwa kasi, kisha inafika mahali miinuko inapoisha na uwanda wa Athi unapoanza. Hapo ardhi ni tambarare na udongo ni mweusi, ule wa mfinyanzi, ambao ukilowa unanata kama gundi na ukikauka unapasuka nyufa za kuingiza mkono. Yeyote aliyewahi kujenga Syokimau au Embakasi anajua gharama ya kuuchimba wote na kuutupa kabla ya kuweka msingi. Maji yakifika kwenye udongo huo hayazami haraka. Yanatulia na kutanda.

Na yakitulia, kazi inaanza. Mashina ya mafunjo yanapunguza kasi ya mto, mchanga na matope yanashuka chini, mizizi inafyonza chumvichumvi ambazo zingerutubisha mwani huko mbele. Mvua ya Aprili inashikwa kama maji kwenye sifongo, halafu inaachiliwa kidogokidogo Julai, Agosti, Septemba. Maji yanayotoka upande wa pili ni masafi kuliko yaliyoingia. Hakuna aliyelipwa kwa kazi hiyo, na labda ndiyo maana hakuna aliyeihesabu.

Reli kutoka Mombasa ilifika hapa mwishoni mwa Mei 1899. Mainjinia walikuwa wametoka mbali, zaidi ya kilomita 500, na mbele yao kulikuwa na mlima wa kupanda hadi Limuru, kisha mteremko mkali wa kuingia Bonde la Ufa. Walitaka ardhi tambarare ya karakana na yadi ya mabehewa, na walitaka maji. Hapa palikuwa na vyote viwili. Mwaka huohuo John Ainsworth alihamisha ofisi yake ya utawala kutoka Machakos, na mji ukaanza kukua. Ninasisitiza hili kwa sababu huwa tunasimulia mwanzo wa Nairobi kama vile kuna mtu aliyekaa chini akachora jiji. Walichora karakana. Jiji lilifuata kama vibanda vya chai vinavyofuata mjengo.

Shida zilikuja mapema. Mwaka wa 1902 tauni ilizuka kwenye soko la Wahindi, na daktari wa serikali akaamuru soko zima lichomwe. Likachomwa. Tauni haitoki kwenye tope. Inaletwa na viroboto wa panya, na panya wanafuata nafaka na takataka. Malaria ndiyo iliyohusiana na maji, na hilo lilikuwa jambo jipya: Ronald Ross alikuwa amegundua nafasi ya mbu mwaka wa 1897 tu, kule India. Lakini kwenye maandishi ya maofisa wa wakati ule kila kitu kilichanganywa kwenye sufuria moja: kinamasi, uvundo, msongamano, Wahindi, Waafrika. Madaktari walipendekeza mji uhamishwe upelekwe mwinuko. Winston Churchill alipita hapa mwaka wa 1907, na kwenye kitabu chake cha safari akakiri kwamba mahali penyewe palichaguliwa vibaya na kwamba muda wa kubadilisha ulikuwa umepita. Pesa zilishatumika, majengo yalishasimama.

Basi mji ukabaki na watu ndio wakahamishwa. Mwaka wa 1913 Profesa W. J. Simpson aliletwa kuchunguza usafi, naye akapendekeza kila rangi ipewe eneo lake. Yalikuwa yanatendeka hata kabla yake, ila sasa yalipata muhuri wa daktari. Wazungu walichukua miinuko ya magharibi na kaskazini. Waafrika walisukumwa mashariki, kwenye uwanda: Pumwani mwanzoni mwa miaka ya 1920, kisha Shauri Moyo mwishoni mwa miaka ya 1930, wakati kijiji cha Pangani kilipobomolewa. Ukitaka kujua nani alipewa nini, hauhitaji kwenda maktaba. Angalia udongo. Mwekundu ulienda kwa wenye nguvu, mweusi ukaachiwa waliobaki.

Na kinamasi chenyewe? Kilikaushwa, kikakatwa ploti. Hapa ndipo akina Grogan wanapoingia. Ardhi ambayo serikali iliiita hatari kwa afya ilikuwa ya bei nafuu. Mwenye subira aliinunua, akangoja mji usogee, na bei ikapanda bila yeye kupanda hata mchicha. (Ndiye huyohuyo ambaye, katika miaka ya 1940, alianzisha hospitali ya watoto ya Gertrude's kule Muthaiga kwa kumbukumbu ya mkewe. Watu ni wengi ndani ya mtu mmoja.)

Silaha nyingine ilikuwa mti. Mkalitusi, kutoka Australia, unakua haraka na una kiu kweli kweli. Reli iliupenda kwa sababu ya kuni za injini, na bustani ya miti ya Arboretum ilianzishwa 1907 kujaribu miti ya kigeni ya aina hiyo. Waliotaka kukausha ardhi waliupenda kwa sababu ya kiu yake. Miaka mia moja baadaye, mwaka wa 2009, ukame ukiwa umekaza, Waziri wa Mazingira John Michuki aliamuru mikalitusi ing'olewe kando ya mito na kwenye ardhi oevu. Mti ulibaki na tabia yake ileile; ni serikali iliyogeuza hesabu.

Mwaka huo wa 2009 ndipo zilipotoka pia kanuni za ardhi oevu na kingo za mito, chini ya sheria ya mazingira ya 1999. Zinasema ukingo wa mto ulindwe kwa upana usiopungua mita 6 wala kuzidi 30, kuanzia alama ya juu kabisa iliyowahi kufikiwa na mafuriko. Ni kanuni nzuri. Agosti 2018 zilitumika hata kwa wakubwa: South End Mall pale Lang'ata na Ukay Centre pale Westlands ziliangushwa na matingatinga, na jiji likashangilia. Nami sitasema lilikosea kushangilia.

Halafu ikaja masika ya 2024. Zaidi ya watu 200 walikufa nchini. Mathare maji yalibeba nyumba usiku. Mvua iliyonyesha kwenye miinuko iliteremka juu ya mabati na lami, bila mafunjo ya kuipunguza kasi popote njiani, ikafika bondeni yote kwa wakati mmoja. Serikali ikatoa amri watu waondoke ndani ya mita 30, ikaleta matingatinga Mathare na Mukuru, na ikaahidi shilingi 10,000 kwa kila familia. Kodi, deposti, usafiri wa kitanda na jiko: piga hesabu mwenyewe.

Kuna watakaosema ni kwa usalama wao, na mto kweli unahitaji nafasi. Nakubali yote mawili. Ninachouliza ni kwa nini deni la kinamasi kilichouzwa na wengine linalipwa na mpangaji wa chumba kimoja, ambaye landlodi wake haishi bondeni na hakutajwa kwenye amri.

Kuna kipande kimoja bado kinafanya kazi yake. Ondiri, karibu na mji wa Kikuyu, takriban hekta 30, ndipo Mto Nairobi unapoanzia. Nyasi na mizizi zimeshikana zikaelea juu ya maji, na ukikanyaga, ardhi inatikisika kama godoro. Wakazi wa pale wamekuwa waking'oa mikalitusi na kuweka mingine ya kienyeji, huku pampu za wakulima zikivuta maji kutoka pembeni. Maji yakitoka huko yanashuka, yanapita Museum Hill, yanapita nyuma ya Grogan, na pale mafundi wanayaongezea oili.

Kanuni inasema tupime kutoka alama ya juu kabisa iliyowahi kufikiwa na mafuriko. Wakiianza tepu kwenye ukingo wa yale mafunjo ya 1899, sijui ni ghorofa ngapi za tao zitabaki upande mkavu.