Pensheni ya Udhuru, Si ya Ulemavu

Jina lililozoeleka kwenye mifuko yetu ya hifadhi ya jamii ni "pensheni ya ulemavu". Nimelipinga kwa miaka na nalipinga tena hapa, kwa kuwa linawafukuza wenye haki na kuwaita wasiohusika.

Mwalimu asiyeona, anayeingia darasani kila siku na kupokea mshahara wake, ni mtu mwenye ulemavu, na pensheni hii si yake, maana kazi anaiweza. Fundi wa kiwandani ambaye figo zimefeli hana kilema cha kuonekana, lakini kazi imemshinda. Huyo ndiye inayemhusu. Jirani yangu mmoja wa hali hiyo aliiacha fomu mezani akaniambia, "Kaka, mimi si mlemavu, naumwa tu." Mkataba Na. 102 wa Shirika la Kazi Duniani, wa 1952, hauulizi habari za viungo. Unauliza kama mtu ameshindwa kufanya kazi ya kumpa kipato, na kama hali hiyo inaelekea kuwa ya kudumu au imeendelea hata baada ya mafao ya ugonjwa kwisha. Sisi tukachukua neno ndugu wa kilema, tukadhani tumetafsiri.

Pendekezo langu ni *pensheni ya udhuru*. Neno hili halikufinyangwa ofisini. Mihtasari ya vikao huwataja wajumbe waliokosa kuhudhuria kwa udhuru. Mgonjwa asiyeweza kufunga Ramadhani ana udhuru, na hakuna amwitaye mvivu wala mlemavu. Asili yake ni Kiarabu, *udhr*, sababu inayomtoa mtu lawamani. Tena tazama lilivyo jirani na *kustaafu*. Kustaafu kumetoka katika *istaafa*, kuomba kuachiliwa, na mzizi wake ni ain, fa na wau. Mzizi huohuo ndio uliotupa *afya*, na *afu* kwa maana ya msamaha. Basi maneno yamekwisha kujipanga yenyewe: anayestaafu anaomba kuachiliwa, na aliyepungukiwa na afya kabla ya umri anaonyesha udhuru wake.

Niliyasema haya mbele ya kamati moja nisiyoitaja. Nikakatwa kauli, eti watu wakisikia "udhuru" watafikiri "kudhuru". Aliyenikata ni mtu wa shahada, na ilimpasa kujua kwamba *kudhuru* na *madhara* yana herufi dhad, na *udhuru* una dhal. Ni hati ya Kilatini tu iliyozivika herufi hizo vazi moja la "dh". Hati ya Kiarabu, waliyoiandikia washairi wa Mombasa na Lamu, huzitenga. Mwingine akaleta "pensheni ya kutojiweza", na wakampigia makofi. Asiyejiweza, kwa Kiswahili tunachosema sote, ni fukara angojaye sadaka. Huyu tunayemtafutia jina amekatwa michango mshaharani mwezi baada ya mwezi. Nilitoka kikaoni kabla ya chai, na uchungu ule ninao hadi leo.

Hoja moja tu ilistahili jibu: udhuru huisha, je, pensheni nayo? Naam, nayo yaweza kusimamishwa mtu akirudiwa na uwezo wa kazi. *Ulemavu* hausemi hivyo hata kidogo.

Kuhusu utaratibu, madai ya pensheni hii hupelekwa kwenye mfuko uliopokea michango: kwa Tanzania Bara ni NSSF kwa sekta binafsi na PSSSF kwa watumishi wa umma, pamoja na taarifa ya daktari. Aliyeumia kazini afike pia Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi. Na wewe uliyeacha kazi kwa maradhi, hadi hapo jina litakapobadilishwa, ukikuta fomu imeandikwa "ulemavu" usiirudishe kwa sababu mikono na miguu yako ni mizima. Ijaze.