Malale: Usingizi Uliomaliza Vijiji

Zamani mtu akisinzia mchana, na chakula kingali mkononi, jirani zake walimwita mvivu, ao walisema amerogwa. Kumbe mara nyingi alikuwa na malale.

Ugonjwa huo huletwa na inzi mbung'o, akaaye penye kivuli kandokando ya mito. Akimwuma mtu, humwachia damuni kidudu kisichoonekana kwa macho. Kwanza ni homa, na tezi za shingo huvimba. Kisha, baada ya miezi ao miaka, kidudu huingia ubongoni. Hapo saa za mwili hupinduka: usiku mgonjwa hukesha, mchana hulala. Si kwamba analala kupita wengine. Analala saa isiyo yake. Mpole hugeuka mkali, hata mkewe hamtambui tabia. Asipotibiwa, hufa.

Mwaka 1903 waganga wa shule ya Liverpool, Uingereza, walikuja Kongo kuchunguza malale. Mmoja wao, Joseph Everett Dutton, ndiye aliyekitambua kidudu hicho katika damu ya mtu huko Gambia. Walisafiri hata Maniema. Tarehe 27 Februari 1905 Dutton alikufa Kasongo, si kwa malale, bali kwa homa ya kimputu, ambayo nayo alikuwa akiichunguza. Alikuwa na miaka 30 tu.

Serikali ilishika njia ya nguvu. Wagonjwa walitengwa katika lazareti, na watu walikatazwa kusafiri pasipo karatasi ya mganga. Wengi walikimbilia porini. Tusiwacheke wazee wetu! Aliyeingia lazareti mara nyingi hakutoka, na atoxyl, dawa ya kwanza, yenye sumu ya arseniki, iliwapofusha wengi. Tena kazi ya mpira na upagazi ndiyo iliyowatawanya watu na kuwadhoofisha, ugonjwa ukafuata nyayo zao. Hayo karatasi ya mganga haikuyaponya.

Mwaka 1920 Louise Pearce, mganga mwanamke kutoka Marekani, alijaribu tryparsamide huko Léopoldville. Dawa hiyo iliweza kufika ubongoni, ingawa nayo pengine iliharibu macho. Vikundi vya wauguzi vikaenda kijiji kwa kijiji: watu walipanga mstari, shingo zikapapaswa, damu ikatazamwa. Kufikia 1960 malale yalikuwa karibu kwisha.

Lakini kazi ililegea, fedha zikakosekana, vita vikaja. Mwaka 1998 wagonjwa wapya zaidi ya 26,000 waliandikwa Kongo. Miaka ile, malale yakiisha kuingia ubongoni, mgonjwa alipigwa sindano ya melarsoprol, iliyochoma mishipa kama moto na kuua karibu mtu mmoja katika 20. Fikirini mama anayempeleka mwanawe hospitali akijua hayo. Alimpeleka, kwa sababu kumwacha nyumbani ni kumzika.

Mwaka 2018 ilikubaliwa fexinidazole, vidonge vya kumeza siku 10. Majaribio yake yaliongozwa na mganga Mkongo, Victor Kande, na wagonjwa wengi walioijaribu walikuwa Wakongo. Mwaka huohuo Afrika nzima iliandika wagonjwa chini ya 1,000. Walio wengi wao walikuwa wa Kongo, kwa maana mbung'o hajahama mitoni.