Kikosi cha Pili na Malezi ya Wachezaji katika Nchi ya Bariadi

Historia ya mpira wa miguu katika Tanzania imezoea kuandikwa kwa hesabu ya vikombe. Huelezwa ya kwamba Sunderland ya Dar es Salaam, iliyokuja kuitwa Simba mwaka 1971, ilitwaa ubingwa wa kwanza wa ligi ya taifa mwaka 1965. Kisha hutajwa mabingwa waliofuata, na hesabu huendelea hivyo hata leo. Habari hizo ni za kweli, lakini zahusu kikosi kimoja tu cha kila klabu, yaani kile kinachoonekana. Nyuma yake pana kikosi kingine, cha akiba na cha vijana, ambacho kazi yake ni kujifunza na kungoja. Kikosi hicho hakina vikombe vingi vya kuhesabiwa, kwa hiyo waandishi wamekipita. Hata hivyo ndicho kinachoamua kama klabu itadumu au itapita kama mvua ya vuli.

Bariadi ni mahali pafaapo kwa uchunguzi wa jambo hili, kwa sababu mji huo haukukua chini ya kivuli cha klabu kubwa. Mkoa wa Simiyu, ambao Bariadi ndiyo makao yake makuu, uliundwa mwaka 2012. Wilaya za Bariadi, Maswa na Meatu zilitoka katika Mkoa wa Shinyanga, Busega ikatoka upande wa Mwanza, na Itilima ikamegwa kutoka Bariadi. Kabla ya hapo kijana wa Bariadi aliyecheza vema alihesabiwa kuwa mchezaji wa Shinyanga, na aghalabu alitafuta klabu nje ya wilaya yake. Swali basi ni hili: kijana huyo alilelewa na nani?

Maneno yenyewe yatoa ushuhuda. Mpira wa watoto uchezwao uwanjani po pote, pengine kwa mpira wa matambara, huitwa chandimu. Ule wa timu ndogo za mitaa huitwa mpira wa mchangani. Kijana aliyekwisha kuingia katika timu ya klabu huitwa chipukizi, na magazeti yameeneza neno yosso kwa timu za vijana. Maneno hayo yametoka kwa watu wenyewe. Lakini jina la chuo cha klabu cha kulelea wachezaji limekopwa zima zima: akademia. Lugha imepata jina la mtoto achezaye na jina la mahali anapochezea, wala haikupata jina lake yenyewe kwa ajili ya nyumba ya klabu inayomlea, kwa kuwa nyumba hiyo ilichelewa kujengwa.

Si kwamba Wasukuma hawakujua malezi ya vijana kwa makundi. Katika vijiji vya Usukuma vijana walikuwa na chama chao chini ya kiongozi aitwaye nsumba ntale, nao waliitwa kulima na kufanya kazi nyingine za pamoja. Asiyefika alitozwa faini. Baada ya mavuno yalikuja mashindano ya ngoma baina ya Bagalu na Bagika, makundi mawili yakicheza kwa wakati mmoja, na ushindi ukienda kwa lile lililovuta watu wengi zaidi. Ngoma hizo zilikuwa na walimu na wanafunzi, na mdogo alijifunza kwa kumfuata mkubwa. Kwa hiyo mpira ulipoingia haukukuta nchi isiyojua mazoezi wala ushindani. Ulichokosa ni chombo cha kuupokea, na chombo kilichopatikana kilikuwa shule.

Klabu kubwa za pwani hazikuwa kielelezo kizuri katika jambo hili. Tarehe 10 Agosti 1974 Yanga iliifunga Simba mabao 2 kwa 1 katika uwanja wa Nyamagana, Mwanza, na watu wa nchi ya Ziwa wakauona ubingwa ukiamuliwa machoni pao. Lakini miaka miwili haikupita kabla ya mgogoro kuipasua Yanga, na mwaka 1976 ikazaliwa Pan African. Wachezaji walipoondoka, pengo lilionekana. Tarehe 19 Julai 1977 Simba iliifunga Yanga mabao 6 kwa 0, na ubingwa haukurudi Yanga hata mwaka 1981. Mafunzo ya habari hiyo ni wazi: klabu yenye akiba iliyokomaa huweza kuondokewa na watu wake na bado ikasimama, isiyo nayo hulazimika kuanza upya.

Katika mikoa ya bara akiba hiyo ilikuwa shuleni. Mashindano ya shule za msingi, yajulikanayo kwa jina la UMITASHUMTA, na yale ya sekondari, UMISSETA, yaliuleta uwanja wa mkoa na wa taifa karibu na mtoto wa kijijini. Mwalimu alikuwa kocha, ratiba ya masomo ilikuwa ratiba ya mazoezi, na gharama haikutoka katika viingilio vya mlangoni. Hata walimu wa michezo walipata chuo chao si mbali na mpaka wa Maswa, yaani Chuo cha Maendeleo ya Michezo cha Malya, wilayani Kwimba. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 mashindano ya shule yaliposimamishwa kwa muda, klabu zilipoteza mahali zilipozoea kuchagulia vijana, wala nyingi hazikuwa na pengine pa kwenda. Hapo ndipo ilipodhihirika ya kuwa zilikuwa zikivuna shamba zisilolilima.

Klabu za kanda hiyo zilizopanda Ligi Kuu katika miaka ya karibuni zaonyesha jambo hilo. Stand United ya Shinyanga ilipanda mwaka 2014 ikashuka mwaka 2019. Mwadui, iliyotoka katika mji wa mgodi wa almasi, ilipanda mwaka 2015 ikashuka mwaka 2021. Mbao ya Mwanza ilipanda mwaka 2016 ikashuka mwaka 2020, ingawa mwaka 2017 ilikuwa imefika fainali ya Kombe la Shirikisho. Haifai kusema ya kwamba sababu ilikuwa moja, maana fedha, safari ndefu na uongozi vyote vina sehemu yake. Lakini klabu inayonunua kikosi kipya kila msimu hupatwa na upungufu wa fedha mara mbili: hushindwa kulipa wachezaji waliopo, na haina wa kuwaweka mahali pao.

Yafaa hapa kulinganisha mifano miwili. Azam ya Dar es Salaam ilianzishwa mwaka 2004 chini ya kampuni yenye uwezo, ikapanda Ligi Kuu mwaka 2008, ikajenga uwanja wake Chamazi pamoja na akademia, na msimu wa 2013/14 ikatwaa ubingwa bila kufungwa. Huko klabu ilitangulia, akademia ikafuata. Alliance ya Mwanza ilikwenda njia nyingine. Ilianza kwa shule zenye malezi ya mpira, na kutoka katika shule hizo ikatokea klabu iliyofika Ligi Kuu mwaka 2018. Ilishuka mwaka 2020, lakini kushuka kwake hakukuwa na maana moja na kushuka kwa klabu isiyo na chochote nyuma yake, kwa kuwa darasa na uwanja wa mazoezi havishuki daraja.

Kwa Bariadi mfano wa pili ndio ulio karibu zaidi. Kanuni za leseni za Shirikisho la Afrika zadai klabu iwe na mpango wa vijana, lakini kanuni haiwezi kuilazimisha klabu isiyokuwapo. Shule zipo katika kila wilaya ya Simiyu, na walimu wapo. Kilichokosekana mara nyingi ni kiungo kati ya mtoto anayemaliza shule na timu ya wakubwa, yaani ile miaka mitatu au minne ambayo kikosi cha pili kingemhifadhi. Katika miaka hiyo vijana wengi hurudi kwenye mashamba ya pamba au huenda mijini, na hao wa mjini wakifaulu, sifa huandikwa kwa klabu iliyowapokea.

Simiyu wauzoea mwendo huo kwa zao lake kuu, ambalo huchambuliwa viwandani mwake na sehemu kubwa ya nyuzi zake kusokotwa mbali. Ikiwa mkoa utataka historia ya mpira wake iandikwe kwa jina lake, hauna haja ya kungoja klabu kubwa izaliwe kwanza. Historia ya kanda hii yaonyesha ya kuwa shule yaweza kutangulia na klabu ikafuata. La lazima ni kikosi cha kumpokea kijana siku anapoivua sare ya shule.