Kutoka Alice hadi Elisi: Historia ya Matoleo Adimu ya Kitabu cha Watoto

Miongoni mwa vitabu vyote vinavyopigwa chapa, vya watoto ndivyo vinavyopotea upesi. Hushikwa kwa mikono yenye uji, huchorwachorwa, hupokezanwa baina ya ndugu mpaka majalada yakabanduka, na mwishowe hutupwa bila majuto, kwa kuwa thamani yake hudhaniwa kuwa imekwisha pale mtoto anapokua. Kwa sababu hiyo, historia ya kitabu cha watoto ni ngumu kuiandika kuliko historia ya kitabu cha dini au cha sheria: ushahidi wenyewe umeliwa na wasomaji. Pale uliposalia, mara nyingi umesalia kwa juhudi za watu ambao wanataaluma wa lugha wamezoea kuwatazama kwa dhihaka kidogo, yaani wakusanyaji. Kitabu cha Lewis Carroll, Alice's Adventures in Wonderland, ambacho wasomaji wa Kiswahili walikipata mwaka 1940 kwa jina la Elisi katika Nchi ya Ajabu, ni mfano ulio wazi wa jambo hili, na nafasi ya Kiswahili katika mfano huo si haba.

Asili ya kitabu hicho inafahamika vizuri. Tarehe 4 Julai 1862, Charles Lutwidge Dodgson, mwalimu wa hisabati katika Christ Church, Oxford, aliyetumia Lewis Carroll kama jina lake la uandishi, alipiga makasia kwenda Godstow pamoja na rafiki yake Robinson Duckworth na mabinti watatu wa familia ya Liddell: Lorina, Alice na Edith. Hadithi aliyowasimulia njiani aliiandika baadaye kwa mkono wake, akaitia michoro 37 aliyoichora mwenyewe, na mnamo Novemba 1864 akamkabidhi Alice mswada huo kama zawadi. Kwa hiyo toleo la awali kabisa la hadithi hii lilikuwa la nakala moja, lenye msomaji mmoja aliyekusudiwa, na tangu siku ile maneno na picha vilikwenda pamoja. Mtafiti anayeyasoma maneno peke yake huwa amesoma nusu ya kazi.

Dodgson alipoamua kukichapisha kitabu, alimwomba John Tenniel, mchoraji mashuhuri wa gazeti la Punch, amchoree picha. Tenniel alichora 42. Zilichongwa juu ya vibao vya mti na ndugu wa Dalziel, wachongaji waliosifika sana London wakati huo. Gharama zote alizibeba mwandishi mwenyewe. Macmillan walikisambaza tu kwa makubaliano ya malipo. Mwaka 1865 matbaa ya Chuo Kikuu cha Oxford ilichapa nakala 2,000, na nakala chache zikajalidiwa ili mwandishi awagawie jamaa na marafiki. Ndipo, tarehe 19 Julai, Dodgson akapata habari kwamba Tenniel hakuridhika hata kidogo na jinsi picha zake zilivyochapwa. Mwandishi angeweza kubisha. Badala yake aliisimamisha kazi yote, akawaandikia waliokwisha kupewa zawadi akiwaomba warudishe nakala zao, na zilizorudi akazipeleka katika hospitali. Chapa mpya ilifanywa na Richard Clay, ikatoka Novemba 1865 ikiwa na mwaka 1866 katika ukurasa wake wa jina.

Karatasi zilizokataliwa hazikuchomwa. Ziliuzwa kwa kampuni ya Appleton ya New York, ambayo iliziwekea ukurasa mpya wa jina na kuziuza Marekani mwaka 1866. Jumla yake ilikuwa nakala 1,952. Hesabu ni rahisi: zilibaki 48, na kati ya hizo zinazojulikana kuwapo leo ni 22 au 23 hivi. Hapa pana kichekesho ambacho Carroll mwenyewe angekifurahia. Kitabu kilichoondolewa kwa sababu ya ubovu wa chapa ndicho kinachotafutwa kuliko kile kilichosahihishwa, na mwaka 1998 nakala mojawapo iliuzwa katika mnada wa New York kwa zaidi ya dola milioni moja na nusu. Nayo nakala ya Appleton, yenye karatasi zile zile, wino ule ule na dosari zile zile, bei yake haikaribii hapo, kwa sababu ya ukurasa mmoja tu. Anayetaka kujua kama wakusanyaji hununua maandishi au hununua tukio, jibu lake liko katika ukurasa huo.

Hata hivyo, si haki kudai kwamba ukusanyaji wa matoleo ya mwanzo ni ulevi wa matajiri peke yake. Katika matoleo yaliyosimamiwa na Dodgson, mahali pa kila picha palipangwa kwa uangalifu. Paka wa Cheshire, yule anayetoweka akabaki kicheko chake, amechorwa mara mbili juu ya mti ule ule, na picha hizo mbili zimewekwa mahali pale pale katika kurasa mbili za kulia zinazofuatana. Msomaji anapofunua ukurasa, paka hufifia mkononi mwake. Matoleo mengi ya baadaye, yakiwemo ya shule na ya bei nafuu, yalizipanga picha popote palipokuwa na nafasi, na tendo hilo la kufunua likafa. Maneno yamebaki yote, lakini maana imepungua. Mtu asiyeiona chapa ya zamani hawezi hata kujua kwamba kuna kitu kimepungua.

Safari ya mswada wa mwanzo nayo inastahili kutajwa. Tarehe 3 Aprili 1928, Alice, aliyekuwa sasa Bibi Hargreaves, mjane mwenye umri wa miaka 75, aliuuza katika mnada wa Sotheby's, London, kwa pauni 15,400. Mnunuzi alikuwa A. S. W. Rosenbach, mfanyabiashara wa vitabu kutoka Philadelphia, ambaye baadaye alimuuzia tajiri wa santuri, Eldridge Johnson. Uliponadiwa tena mwaka 1946, Wamarekani kadhaa walichanga fedha wakaununua, na mwaka 1948 wakauzawadia umma wa Uingereza. Leo umo katika Maktaba ya Uingereza. Mswada wa zawadi ulikuwa umepita katika soko kwa miaka 20 ukarudi kuwa zawadi, jambo ambalo ni nadra kutukia katika historia ya minada.

Muda wa hakimiliki nchini Uingereza ulipokwisha mwaka 1907, wachoraji walikimiminikia kitabu hicho. Mashuhuri kuliko wote alikuwa Arthur Rackham, ambaye Alice wake ni msichana wa enzi mpya, mwenye hofu machoni, tofauti na yule wa Tenniel mwenye uso mkavu. Baada yake walikuja wengi: Mervyn Peake katika miaka ya 1940, Tove Jansson wa Finland mwaka 1966, Ralph Steadman mwaka 1967. Salvador Dalí alichora picha zake mwaka 1969 kwa toleo lenye idadi maalumu, lililotiwa saini yake na kuuzwa tangu siku ya kwanza kama kitu adimu. Uadimu wa namna hii ni wa kutengenezwa. Kitabu ambacho hakuna mtoto aliyeruhusiwa kukigusa kinaweza kuwa kizuri mno, lakini kwa mtafiti wa historia ya usomaji kina machache ya kusema.

Tawi la ukusanyaji linalowahusu zaidi wanataaluma wa lugha ni la tafsiri. Tafsiri za Kijerumani na Kifaransa zilitoka mwaka 1869, ya Kiitaliano mwaka 1872, na baadaye zikafuata nyingine katika kila bara. Aliyezikusanya kwa bidii ya kupigiwa mfano ni Warren Weaver, mwanahisabati wa Marekani, yule yule ambaye waraka wake wa mwaka 1949 uliasisi utafiti wa tafsiri kwa mashine. Mkusanyo wake ulifikia matoleo 160 katika lugha 42, na mwaka 1964 alitoa kitabu kuuhusu, Alice in Many Tongues. Weaver hakuridhika na kupanga vitabu rafuni. Aliichagua sura ya karamu ya chai ya wendawazimu, akaomba wajuzi wa lugha kadhaa, Kiswahili kikiwa miongoni mwake, waitafsiri upya kwa Kiingereza ili apime nini kimevuka na nini kimezama. Mwaka 2015 kazi hiyo iliendelezwa katika majuzuu matatu yaliyohaririwa na Jon Lindseth, yanayoeleza tafsiri katika lugha 174.

Sura ile ilichaguliwa vizuri. Kwa yule Mtengeneza Kofia wakati umeganda: daima ni saa ya chai, na saa hiyo ni sita kwa hesabu ya Kiingereza. Kwa Mswahili, mkono wa saa ukielekea pale pale, ni saa kumi na mbili, wakati wa magharibi, ambapo jua linatua na watu wanaelekea kuswali au kufunga maduka. Si saa ya vikombe. Mfasiri akiigeuza saa ameigeuza karamu. Akiiacha, msomaji wake atauona mchana wa saa sita na jua la utosi. Katika kutafsiri sentensi moja ya kipuuzi, mfumo mzima wa kuhesabu wakati umewekwa mezani.

Tafsiri ya Kiswahili ya mwaka 1940 ni kazi ya Bibi St Lo Conan Davies, na ilichapishwa London na Sheldon Press, tawi la shirika la Kikristo la SPCK lililotoa vitabu vingi vya Kiswahili katika zama hizo. Wakati huo Kamati ya Lugha, iliyoundwa mwaka 1930, ilikuwa ikivipitia vitabu vya shule na kuvipa ithibati, na Kiunguja kilikuwa kimekwisha kuteuliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu. Elisi, basi, ni ndugu wa Mashimo ya Mfalme Sulemani ya mwaka 1929 na wa tafsiri nyingine za wakati huo, ambazo zilisomwa na kizazi kilichokuja kushika madaraka baada ya uhuru. Kitabu hicho kilitoka mwaka ambao karatasi zilianza kugawiwa kwa kipimo nchini Uingereza kwa sababu ya vita. Jambo la pekee zaidi limo katika picha. Zimechorwa kwa kufuata mpangilio wa Tenniel, lakini msichana mwenyewe ni Mwafrika.

Uamuzi huo haupaswi kusifiwa wala kulaaniwa kwa haraka. Yawezekana kuuona kama heshima kwa msomaji, na yawezekana pia kuuona kama hila ya zama za ukoloni, ya kumvika mtoto wa Kiafrika ndoto iliyoshonwa Oxford. Ugumu unazidi tunapolitazama toleo la pili. Mwaka 2015 Ida Hadjivayanis, mtaalamu wa Kiswahili na tafsiri wa SOAS, Chuo Kikuu cha London, alitoa tafsiri mpya, Alisi Ndani ya Nchi ya Ajabu, iliyochapishwa na Evertype kwa picha za Tenniel mwenyewe. Wakati wa ukoloni, mfasiri wa Kiingereza alimletea msomaji msichana mweusi. Nusu karne baada ya uhuru, mfasiri ambaye Kiswahili ni chake amekuja pamoja na msichana wa Kiingereza wa mwaka 1865. Anayetarajia picha ziende sambamba na siasa za nyakati zake atasumbuka sana hapa.

Majina nayo yana habari. Irabu ya kwanza ya Alice katika matamshi ya Kiingereza iko baina ya /a/ na /e/ za Kiswahili, na masikio ya Waswahili yamezoea kuisikia kama /e/: ndivyo tulivyopata benki, gesi, stempu na meneja. Elisi ameingia kwa mlango huo huo wa sikio. Alisi ameingia kwa jicho, kwa kufuata herufi, kama vile wapo wanaosema teksi na wapo wanaoandika taksi. Tena mfasiri wa kwanza alitumia katika, neno linalotaja mahali bila kuonyesha mpaka. Wa pili ametumia ndani ya, linalompitisha msomaji shimoni nyuma ya sungura. Nchi ya Ajabu haikuguswa na yeyote. Miaka 75 baadaye bado inatosha.

Ulinganisho huu wote unahitaji vitabu vyenyewe mkononi, si maandishi yaliyonakiliwa upya. Hapo ndipo mtafiti na mkusanyaji wanapoachana kidogo. Mkusanyaji hutaka nakala safi, yenye jalada lake na isiyo na doa, na muuza vitabu hupunguza bei kwa kila jina la mtoto lililoandikwa kwa penseli, kila muhuri wa shule, kila ukurasa uliokunjwa pembe. Kwa mwanahistoria wa Kiswahili, nakala ya Elisi ya mwaka 1940 yenye muhuri wa shule na majina ya wanafunzi watatu waliopokezana ni bora kuliko nyingine kumi ambazo hazikufunguliwa. Orodha ya maktaba ikiandika tu kwamba nakala ni chakavu, imeuacha nje ushahidi wenyewe: majina ya nani, shule gani, na ukurasa upi uliochakaa kuliko mingine.