Una Oda ya Korti Lakini Mdosi Amekufungia Geti? Sheria Inasema Hivi

Barua ya kukuita kikao cha nidhamu imefika na unajua kabisa wanataka kukupiga kalamu. Wasee wengi hukimbilia "oda ya korti" bila kujua inafanya nini, na mdosi akiikanyaga itakuwaje. Cheki hapa.

Oda ya muda ni nini?
Ni amri ya kuacha mambo yakae vile yalivyo hadi kesi isikizwe. Sheria ya 2011 iliipa Korti ya Ajira na Mahusiano ya Kazi nguvu hiyo. Jaji hutumia kipimo cha kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973: je, kesi yako ina mashiko? Utapata hasara ambayo pesa haiwezi kulipa? Kama bado ana shaka, ni nani ataumia zaidi?

Ukichelewa, imekula kwako
Ukienda kabla ya kufutwa, kuna kitu cha kusimamisha. Ukienda na barua ya kufutwa mkononi, jaji atauliza: kwani hii hasara hailipiki? Sheria ya Ajira ya 2007 inaruhusu fidia ya hadi mshahara wa miezi 12. Kurudishwa kazini kwa kawaida huja kesi ikiisha, tena ndani ya miaka 3 tangu ufutwe.

Mdosi akipuuza oda
Hapo ni kudharau korti. Lakini usidhani utasema tu na pingu zitoke. Lazima uonyeshe:

- Oda ilikuwa wazi, haina utata.
- Aliijua. Mahakama ya Rufaa ilisema 2015, kwa kesi ya Shimmers Plaza, kwamba kuijua kunatosha hata kama hakukabidhiwa mkononi.
- Aliivunja.
- Alifanya makusudi.

Ushahidi lazima uwe mzito kuliko wa kesi ya kawaida ya madai, kwa sababu mtu anaweza kulala ndani. Kwa hivyo weka risiti ya kupokelewa kwa oda, meseji, na tarehe uliyozuiwa getini.

Adhabu
Faini, mali kushikwa au jela. Kampuni haifungwi, ila wakubwa wake wanaweza kufungwa. Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016 ilitupwa na Mahakama Kuu 2018, lakini nguvu ya majaji haikuisha. Walirudi kwa Sheria ya Mahakama, kifungu cha 5.

Na si wadosi pekee. Februari 2017 korti hiyo hiyo ya ajira iliwafunga maofisa saba wa chama cha madaktari, KMPDU, mwezi mmoja kwa kutositisha mgomo. Mahakama ya Rufaa iliwaachilia baada ya siku chache.

Kumbuka
Oda hata ikiwa mbaya, inafuatwa hadi ifutwe. Hiyo inakubana wewe pia: jaji akisema kaa nje hadi kesi isikizwe, usiende kuruka ukuta.