Jukwaa la mtoto wa Matulo

Mtoto wa Matulo mwenye kipaji cha uigizaji hana ukumbi wa maonyesho wa kukimbilia. Ukumbi wake ni bwalo la shule. Muhula wa kwanza ni wa tamasha la drama, wa pili ni wa tamasha la muziki. Akivuka mashindano ya Webuye anaingia ngazi ya kaunti, Bungoma, halafu kanda ya Magharibi, halafu taifa. Jirani yake wa Kitale hushindania Bonde la Ufa.

Tamasha la muziki ndilo kongwe: lilianza 1927. La drama lilifuata 1959, na shule za Wazungu ndizo zilizotamba mwanzoni. Katika miaka ya 1970 Wasambo Were akawa Mwafrika wa kwanza kuwa mkaguzi wa drama katika Wizara ya Elimu, na visa vya nyumbani vikaanza kupanda jukwaani.

Anayetaka kujua sauti ya mtoto inavyofundwa asikilize shairi la kundi likifanyiwa mazoezi. Sauti nzito nyuma, nyembamba mbele. Mmoja anachomoka na mshororo wake, wengine wanamwitikia kwa mguno, kwa makofi, kwa vishindo vya miguu. Mwalimu hakemei anayekosea maneno; anamkemea anayemeza pumzi katikati ya neno. Muhula wa pili litungu, ala ya nyuzi, linatolewa, na kamabeka inachezwa, ngoma ya Wabukusu ambayo kazi yote iko mabegani.

Wakubwa nao huwasikiliza watoto hawa, pengine kupita kiasi. Mwaka 2013 tamthilia ya shule ya Butere Girls, Shackles of Doom, ilipigwa marufuku hadi Mahakama Kuu ikairuhusu. Aprili 2025 shule hiyo hiyo ilifika tamasha la taifa Nakuru na Echoes of War, iliyoandikwa na mwanasiasa Cleophas Malala, tena kwa amri ya mahakama. Malala alikamatwa, polisi wakarusha vitoa machozi nje, na wasichana wakaimba wimbo wa taifa wakashuka jukwaani bila kuigiza. Binafsi sioni ni tishio gani lililohitaji kikosi kile chote.

Baada ya kidato cha nne njia inakuwa nyembamba. Wachache huenda Nairobi kutafuta nafasi katika televisheni, wengine huingia studio za redio kama West FM pale Bungoma. Wengine husomea ualimu, na Januari inapofika hukabidhiwa drama ya shule.